Jinsi mila za Wagermaniki zilivyoubadili Ukristo wa Ulaya

Na Mwandishi Wetu

MWAKA 723 mmisionari mmoja mzaliwa wa Uingereza alishika shoka, akauendea mwaloni mkubwa uliokuwa umesimama Geismar, katika eneo ambalo leo ni jimbo la Hesse nchini Ujerumani. Wenyeji waliuheshimu mti huo kama mali ya mungu wao wa radi, Donar, ambaye ndugu zao wa kaskazini walimwita Thor. Walikusanyika kuona mungu huyo atamwadhibu vipi mgeni aliyethubutu kumdharau. Mti ukaanguka, radi haikupiga, na waliokuwapo wakaikubali imani mpya.

Mmisionari huyo alikuwa Wynfrith, ambaye historia inamfahamu zaidi kwa jina la Boniface. Padri Willibald, aliyeandika maisha yake miaka michache baada ya kuuawa kwake mwaka 754, anaongeza jambo ambalo wasimulizi wengi hulipita haraka: mbao za mwaloni ule hazikutupwa wala kuchomwa moto. Zilitumika kujenga kanisa dogo la Mtakatifu Petro.

Hivyo ndivyo ilivyokuwa katika sehemu kubwa ya Ulaya kati ya karne ya 4 na ya 11. Ukristo uliwabadili Wagermaniki, na wao wakaubadili Ukristo. Desturi zao za vita, ukoo, fidia na umiliki wa ardhi ziliingia kanisani pamoja nao, na nyingine zilikaa humo kwa karne nyingi. Makala haya yanaeleza jinsi mabadiliko hayo yalivyotokea, na kwa nini yanatuhusu pia sisi tulioupokea Ukristo kwa mikono ya watu wa Ulaya.

Wagermaniki walikuwa akina nani?

Wagermaniki hawakuwa taifa moja, wala hawakuwa mababu wa Wajerumani peke yao. Ni jina la jumla la jamii nyingi zilizozungumza lugha zenye asili moja, ambazo mwanzoni ziliishi ng’ambo ya mito Rhine na Danube, nje ya mipaka ya Dola la Roma. Miongoni mwao walikuwamo Wagothi, Wavandali, Wafaranki, Walombardi, Wasaksoni na watu wa Skandinavia. Waingereza, Waholanzi na Wadenmark wa leo wamerithi lugha zao kutoka kwao, na Ufaransa imepata jina lake kwa Wafaranki.

Katika jamii hizo mtu alijulikana kwa ukoo wake. Mkuu wa vita aliwalisha askari wake wa karibu, akawagawia silaha, pete na ardhi. Wao wakamlipa kwa uaminifu hadi kufa. Mtu alipouawa, ukoo wake ulidai ama kisasi ama dia, yaani fidia ya damu iliyopangwa kulingana na hadhi ya marehemu. Miungu iliabudiwa ili ilete ushindi, mavuno na kinga.

Ukristo ulikuwa umekulia mahali tofauti kabisa. Ulizaliwa miongoni mwa Wayahudi, ukaenea katika miji ya pwani ya Mediterania kwa lugha za Kigiriki na Kilatini, ukaongozwa na maaskofu waliokaa mijini na kusoma vitabu. Ulimhubiria mtu juu ya dhambi zake na wokovu wa roho yake. Je, ujumbe huo ungeelezwaje kwa watu wasio na miji, wasioandika vitabu, na ambao fahari yao kuu ilikuwa heshima ya ukoo na upanga?

Askofu aliyeviacha vitabu vya Wafalme

Wa kwanza kukabiliana na swali hilo kwa kina alikuwa Wulfila, aliyezaliwa mnamo mwaka 311 miongoni mwa Wagothi, katika familia iliyotokana na mateka Wakristo kutoka Kapadokia, katika nchi ambayo leo ni Uturuki. Akiwa askofu alitunga alfabeti kwa ajili ya lugha ya Kigothi, kisha akaifasiri Biblia. Mwandishi wa kale Philostorgius anasema Wulfila aliviacha makusudi vitabu vya Wafalme, kwa kuwa vimejaa habari za vita, na Wagothi, kwa maoni yake, walihitaji kuzuiwa kupigana kuliko kuchochewa.

Sehemu ya tafsiri hiyo ingali ipo. Nakala yake mashuhuri, iliyoandikwa kwa wino wa fedha na dhahabu juu ya ngozi ya rangi ya zambarau katika karne ya 6, inahifadhiwa mjini Uppsala, Sweden.

Wulfila hakuwaletea Wagothi jina geni la Mungu. Alichukua neno lao wenyewe, ambalo lina asili moja na majina ya Mungu yanayotumiwa leo na Waingereza na Wajerumani, akalijaza maana mpya. Msomaji wa Kiswahili hatashangazwa na hilo, kwa kuwa hata sisi Wakristo na Waislamu tunamwita Muumba kwa neno “Mungu”, lililokuwako katika lugha za Kibantu kabla ya dini hizo kufika bara.

Hata hivyo, Wulfila alifuata mafundisho ya Ario, yaliyomweka Mwana chini ya Baba na ambayo yalikuwa yamelaaniwa na Mtaguso wa Nikea mwaka 325. Hivyo Wagothi, na baada yao Wavandali na makabila mengine, waliingia katika Dola la Roma wakiwa Wakristo, lakini Wakristo ambao Kanisa Katoliki liliwahesabu kuwa wazushi. Tutaona baadaye kwamba mgogoro huo uliacha alama hadi katika Kanuni ya Imani.

Mungu anayeshinda vita

Mambo yalichukua sura nyingine kwa Wafaranki. Askofu Gregory wa Tours, aliyeandika historia yao mwishoni mwa karne ya 6, anasimulia kwamba mfalme Clovis alisihiwa kwa muda mrefu na mkewe Clotilde, aliyekuwa Mkatoliki, aache miungu yake. Alikataa hadi siku aliyoona jeshi lake likielekea kushindwa na Waalamani. Hapo akamwahidi Mungu wa mkewe kwamba akipata ushindi atabatizwa.

Clovis alishinda, akabatizwa na Askofu Remigius mjini Reims. Wanahistoria wanabishana kuhusu mwaka wenyewe, wakiuweka kati ya 496 na 508. Pamoja naye, anasema Gregory, walibatizwa zaidi ya askari 3,000.

Katika kisa hicho kuna mambo mawili ya kuzingatia. La kwanza, Kristo alipokelewa kwanza kama mtoaji wa ushindi, kazi ileile waliyotarajiwa kuifanya miungu ya zamani. La pili, askari wale hawakupitia mafundisho ya miaka kadhaa kama ilivyokuwa desturi ya Kanisa katika karne za awali. Walimfuata mkuu wao. Uaminifu kwa bwana ulitangulia, mafundisho yakaja baadaye.

Mtindo huo wa kuongoka kwa pamoja ulirudiwa mara nyingi. Huko Iceland, karibu na mwaka 1000, suala la dini lilipelekwa mbele ya mkutano mkuu wa nchi, Althing, kama kesi nyingine yoyote, kwa hofu kwamba taifa lingegawanyika na kumwaga damu. Mtaalamu wa sheria Thorgeir, ambaye mwenyewe hakuwa Mkristo, alijifunika joho akatafakari, kisha akatoa uamuzi kwamba wote wabatizwe. Pamoja na hayo, kwa muda iliruhusiwa kula nyama ya farasi na kutoa kafara kwa siri. Ulikuwa mkataba wa amani kama ulivyokuwa uongofu.

Barua ya Papa Gregory

Upande wa Uingereza, Papa Gregory Mkuu alimtuma mtawa Augustine, aliyefika katika ufalme wa Kent mwaka 597. Miaka minne baadaye, mwaka 601, Papa alimwandikia Abati Mellitus, aliyekuwa safarini kuelekea huko, barua ambayo hadi leo inajadiliwa na wanateolojia. Aliagiza kwamba mahekalu ya wenyeji yasibomolewe. Sanamu ziharibiwe, majengo yanyunyiziwe maji ya baraka na kuwekwa altare. Kuhusu desturi ya kuchinja ng’ombe kwa ajili ya miungu, alielekeza kwamba watu waendelee kuchinja na kula, ila iwe katika sikukuu za mashahidi na kwa kumshukuru Mungu. Hoja yake ilikuwa kwamba hakuna anayeweza kung’oa kila kitu kwa mara moja katika mioyo migumu. Apandaye mlima hupanda hatua kwa hatua.

Busara hiyo haikukosa hatari. Mtawa na mwanahistoria Bede, katika kitabu alichokimaliza mwaka 731, anamtaja mfalme Rædwald wa Anglia Mashariki, ambaye baada ya kubatizwa alikuwa na altare mbili katika hekalu moja: moja ya Kristo, nyingine ndogo ya kafara za zamani. Bede analaumu, lakini tukio hilo linaonyesha jinsi mambo yalivyokuwa mashinani.

Alama za kipindi hicho zimebaki katika lugha. Waingereza hadi leo huiita Jumatano kwa jina la mungu Woden, Alhamisi kwa jina la mungu wa radi, na Ijumaa kwa jina la mungu wa kike Frig. Watu wa Skandinavia huiita Krismasi “Jul”, jina la sikukuu yao ya kale ya katikati ya majira ya baridi. Kuhusu Pasaka, Bede aliandika mwaka 725 kwamba jina wanalotumia Waingereza linatokana na mungu wa kike aliyeitwa Eostre. Kiswahili, kwa kusema “Pasaka”, kimebaki karibu zaidi na jina la Kiebrania la sikukuu hiyo.

Hapa tahadhari inahitajika, kwani si kila desturi ya Kijerumani ina umri huo. Mti wa Krismasi, ambao wengi hudhani ulitokana na mwaloni wa Boniface, unaanza kuonekana katika kumbukumbu za miji ya eneo la Alsace katika karne ya 16.

Yesu kama mkuu wa mashujaa

Mfano ulio wazi kuliko yote ni utenzi uitwao Heliand, maana yake Mwokozi, uliotungwa mnamo mwaka 830 katika lugha ya Wasaksoni. Kwa karibu mistari 6,000, mtunzi asiyejulikana anasimulia Injili kwa watu ambao babu zao walikuwa wamebatizwa kwa shuruti.

Katika utenzi huo Yesu ni mkuu mwenye ukarimu, na mitume ni mashujaa wake walioapa kumtumikia. Bethlehemu na Nazareti ni ngome. Wachungaji wa usiku ule wa Noeli wamekuwa walinzi wa farasi. Petro anapochomoa upanga kumtetea Bwana wake, mtunzi analieleza tukio hilo kwa hamasa ambayo msikilizaji wa Kisaksoni aliisubiri. Lakini Yesu bado anamwamuru aurudishe upanga alani. Mtunzi alibadili mavazi na mazingira ya habari hiyo. Amri yenyewe hakuibadili.

Neno lililotumiwa kumwita Yesu Bwana katika lugha hizo lilikuwa lilelile la mkuu wa kikosi cha vita. Nchini Uingereza utenzi mwingine wa kale, ambao sehemu yake imechongwa kwa herufi za kiruni juu ya msalaba wa mawe wa Ruthwell, Scotland, unamchora Kristo kama kijana shujaa anayeupanda msalaba kwa hiari yake, bila woga. Kifo ambacho kwa Warumi kilikuwa aibu ya watumwa kiliwasilishwa kama pigano la mwisho la shujaa.

Upanga mkononi mwa mfalme

Si kila mahali walitumia utenzi. Mwaka 772 mfalme wa Wafaranki, Charlemagne, aliivunja Irminsul, nguzo takatifu ya Wasaksoni, akaanza vita vilivyodumu kwa vipindi hadi mwaka 804. Mwaka 782, kwa mujibu wa kumbukumbu rasmi za utawala wake mwenyewe, Wasaksoni 4,500 waliuawa kwa siku moja mjini Verden. Wapo wanahistoria wanaoitilia shaka idadi hiyo, lakini mauaji yenyewe hayana utata mkubwa. Sheria alizowawekea ziliamuru kifo kwa anayekataa ubatizo, kwa anayechoma maiti kwa desturi ya zamani, hata kwa anayekula nyama wakati wa Kwaresima kwa kuidharau imani. Kiongozi wa upinzani, Widukind, alibatizwa mwaka 785.

Sauti ya kupinga ilitoka ndani ya ikulu. Mwaka 796 Alcuin, mwanazuoni Mwingereza aliyekuwa mshauri wa mfalme, aliandika barua akisisitiza kwamba imani ni jambo la hiari, kwamba mtu anaweza kusukumwa kwenye ubatizo lakini si kwenye kuamini, na kwamba kuwatoza zaka watu wachanga katika imani kunawafanya waichukie. Mwaka uliofuata sheria zililegezwa.

Desturi ya vita iliwagusa hata viongozi wa Kanisa. Mkutano wa maaskofu ulioongozwa na Boniface katika miaka ya 740 ulilazimika kuwakataza makasisi kubeba silaha, kuwinda kwa mbwa na kufuga mwewe wa kuwindia. Katazo la namna hiyo halitolewi pasipo na wanaofanya. Askofu alikuwa mtoto wa ukoo wa kikabaila kabla ya kuwa askofu, na aliishi kama ndugu zake walivyoishi.

Dia, viapo na sheria

Katika sheria, mchanganyiko huo ulianza mapema. Sheria za mfalme Æthelberht wa Kent, za mwanzoni mwa karne ya 7, ndizo za kale zaidi zilizoandikwa katika lugha ya Kigermaniki. Zinaanza na Kanisa. Aliyeiba mali ya Mungu alitakiwa kulipa mara 12 ya thamani yake. Mali ya askofu mara 11. Ya padri mara 9. Ya shemasi mara 6. Kwa maneno mengine, Kanisa lilipewa nafasi katika jamii kwa kuingizwa katika orodha ya fidia, likapimwa kwa kipimo kilekile walichopimiwa watu wa koo mbalimbali.

Kadhalika ulikuwapo utaratibu wa kumtambua mkosaji kwa kiapo cha moto au maji. Mshtakiwa alishika chuma cha moto, kidonda kikafungwa na kuangaliwa baada ya siku tatu: kikiwa safi, alihesabiwa hana hatia. Msomaji anayezifahamu simulizi za mwavi atautambua utaratibu huo. Kanisa halikuufuta mara moja. Kwa karne kadhaa mapadri waliubariki moto na maji, na sala maalumu zikaandikwa kwa shughuli hiyo. Ni Mtaguso wa Nne wa Laterano, mwaka 1215, uliowakataza makasisi kushiriki. Bila baraka zao, utaratibu huo ukadhoofika na kutoweka mahali pengi.

Kanisa lilikuwa la nani?

Athari iliyozua mgogoro mkubwa kuliko zote ilihusu mali. Kabaila aliyejenga kanisa katika ardhi yake alilihesabu kuwa mali yake kama kinu au shamba. Alimteua padri, mara nyingine kutoka miongoni mwa watumwa wake, akachukua sehemu ya zaka na sadaka. Aliweza hata kuliuza au kulirithisha. Wafalme nao walifanya vivyo hivyo kwa uaskofu, wakimkabidhi askofu mteule fimbo na pete kwa mikono yao.

Papa Gregory VII aliamua kuikomesha desturi hiyo mwaka 1075, na hapo akagongana na mfalme Henry IV wa Ujerumani. Mfalme alitengwa na Kanisa, na Januari 1077 alisimama nje ya ngome ya Canossa, Italia, akiomba msamaha. Ugomvi haukuishia hapo. Ulileta vita vya wenyewe kwa wenyewe, hadi Mkataba wa Worms wa mwaka 1122 ulipotenganisha mamlaka ya kiroho na ya kidunia katika kumsimika askofu. Utengano wa dini na dola, ambao leo unajadiliwa kana kwamba ni jambo la jana, una mzizi wake mmojawapo katika ugomvi huo.

Neno moja katika Kanuni ya Imani

Tulisema awali kwamba Wagothi walimfuata Ario. Hispania ilipotawaliwa nao, mfalme Reccared aliuacha Uario, na Mtaguso wa Toledo wa mwaka 589 ukathibitisha uongofu wa taifa lake. Ili kuziba kila mwanya, Kanisa la Hispania lilikazia usawa wa Mwana na Baba, na likazoea kukiri kwamba Roho Mtakatifu hutoka kwa Baba na kwa Mwana pia. Maneno hayo kuhusu Mwana hayakuwamo katika Kanuni ya Imani kama ilivyopokelewa na Makanisa ya Mashariki.

Ikulu ya Charlemagne iliyachukua na kuyatetea katika mkutano wa Aachen mwaka 809. Papa Leo III aliyakubali kama mafundisho, lakini alikataa yasiongezwe katika Kanuni yenyewe. Roma ilishikilia msimamo huo hadi mwaka 1014, wakati mfalme Mjerumani Henry II, aliyekwenda kutawazwa kuwa kaisari, alipoomba Kanuni iimbwe katika Misa kama ilivyokuwa desturi kwao. Papa Benedict VIII alikubali. Tangu hapo nyongeza hiyo imekuwa miongoni mwa sababu za mfarakano kati ya Roma na Waorthodoksi, ambao kwa kawaida huhesabiwa tangu mwaka 1054.

Tahadhari za wanahistoria

Ikumbukwe kwamba wataalamu hawakubaliani juu ya kiasi cha mabadiliko hayo. Wapo wanaoona kwamba Ukristo wa Magharibi ulipata sura mpya kabisa, na wapo wanaoonya kwamba mengi yanayoitwa ya Kigermaniki yalikuwapo tayari Roma. Konstantino alimpokea Kristo kama mtoaji wa ushindi mwaka 312, karibu miaka 200 kabla ya Clovis. Matajiri wa Kirumi nao walijenga makanisa katika mashamba yao. Isitoshe, habari nyingi tulizonazo ziliandikwa na watawa walioishinda dini ya zamani, si na walioifuata.

Kuna onyo jingine, la karne iliyopita. Katika miaka ya 1930, wakati wa utawala wa Hitler, kundi lililojiita Wakristo wa Kijerumani lilitaka Ukristo usafishwe kila chenye asili ya Kiyahudi. Mwaka 1933, katika mkutano mkubwa mjini Berlin, msemaji wao alidai Agano la Kale liachwe. Waprotestanti wengine walijibu kwa Tamko la Barmen la Mei 1934, wakikataa Kanisa lipokee ufunuo mwingine kutoka kwa dola au taifa. Mtunzi wa Heliand alimvika Yesu mavazi ya Kisaksoni ili Wasaksoni wamsikie. Kundi hili lilitaka Yesu anyamaze, taifa liseme kwa niaba yake.

Urithi uliofika kwetu

Historia hii ilivuka bahari. Watawa Wabenediktini wa Mtakatifu Ottilia, shirika lililoanzishwa Ujerumani mwaka 1884, walifika Pugu, karibu na Dar es Salaam, mwaka 1888. Baadaye walianzisha misheni ya Peramiho mwaka 1898 na ya Ndanda mwaka 1906. Mfano wao ulikuwa watawa wa zama za Boniface: monasteri yenye shamba, shule na karakana, iwe kitovu cha uinjilishaji. Waliotoka kwa watu walioangushiwa mwaloni wao walikuja kutuambia ni miti gani ya kwetu iangushwe.

Wapo waliolitambua fumbo hilo. Mmisionari wa Kilutheri Bruno Gutmann, aliyefanya kazi miongoni mwa Wachaga kuanzia mwaka 1902 hadi 1938, alishikilia kwamba ukoo, ujirani na rika havipaswi kuvunjwa na Kanisa, bali ndivyo vishikizo vyake. Katika Kanisa Katoliki mjadala huo ulipata nguvu mpya kwa Mtaguso wa Pili wa Vatikano wa miaka ya 1962 hadi 1965 na Sinodi ya Maaskofu kwa ajili ya Afrika ya mwaka 1994, na jina lake likawa utamadunisho.

Mara nyingi hoja inayotolewa dhidi ya utamadunisho ni kwamba tunaongeza mila katika imani iliyokuja ikiwa safi. Historia ya Wagermaniki haiungi mkono hoja hiyo. Imani haikufika kwetu bila mavazi. Ilifika imevaa nguo zilizoshonwa Roma, Reims na Fulda, baadhi zikiwa zimepimwa kwa miili ya mashujaa wa Kisaksoni. Lakini historia hiyohiyo haisemi kwamba kila mila inafaa. Iliwachukua Wakristo wa Ulaya karne kadhaa kukiondoa kiapo cha chuma cha moto, na ugomvi wa miaka karibu 50 kumwondoa kabaila katika uteuzi wa maaskofu.

Kwa hiyo swali linalopaswa kuulizwa na waumini wetu, iwe kuhusu ngoma, majina ya ubatizo, mahari au matanga, ni lile lililowakabili Gregory na Mellitus mwaka 601: kipi kibaki, kipi kiende, na nani mwenye haki ya kuamua? Charlemagne aliwajibia Wasaksoni swali hilo kwa upanga. Miaka 50 baadaye, mtunzi wa Heliand alilazimika kuanza upya, kwa lugha yao.